Ila ya Nyumba

Wahenga walinena: nyumba usiyolala ndani hujui ila yake. Helena Třeštíková, mtengenezaji sinema wa nchi ya Cheki, aliyashika maneno ya namna hiyo kwa matendo. Mwaka 1974 alianza kumpiga picha mama kijana aliyetarajia mtoto wa kwanza. Akaifuata jamaa hiyo kwa miaka 37, na mwaka 2012 ikatoka sinema iitwayo Ulimwengu wa Faragha.

Ndani yake twaona mambo makuu ya dunia yakipita. Mwaka 1989 utawala wa Kikomunisti waanguka. Lakini baba angali akiandika shajara ya nyumbani, na kitoto cha juzi kimekuwa kijana mwenye njia zake.

Kasoro ipo. Miaka mingi hivyo imebanwa katika muda usiofika saa mbili, hata mabadiliko mengine hutujia bila sababu zake.

Je, si aibu kuanika ila za watu? Ingekuwa aibu lau angaliingia siku moja, akachukua machozi, akaenda zake. Yeye alirudi, akaona na kicheko pia. Nawe mwanafunzi, kabla hujaandika habari za jirani yako, jiulize: nimekaa naye kiasi gani?