Dogo Anapokua: Aslay, Kutoka "Naenda Kusema" Hadi "Angekuona"

Mwaka 2011 mimi nilikuwa darasa la nne hapa Ujiji. Mwaka huo kulikuwa na wimbo mmoja ambao hakuna mtoto wa mtaani kwetu aliyekuwa haujui. Ukienda Mwanga kwenye vibanda vya kuingiza nyimbo kwenye memori kadi, unaukuta. Ukishuka Kibirizi, ambako boti za Kongo na Burundi hupakia na kupakua, unaukuta umechanganyika na bolingo. Ukitumwa dagaa, unarudi nao mdomoni. Wimbo wenyewe ni "Naenda Kusema", na mwimbaji ni kijana wa Temeke, Dar es Salaam, aliyekuwa akiitwa Dogo Aslay.

Tuliupenda kwa sababu moja tu. Aliyeimba alikuwa mwenzetu. Watu wazima walikuwa na nyimbo zao kibao, za mapenzi, za pesa, za majigambo. Sisi tulikuwa na huu mmoja.

Leo Aslay ni mtu mzima na mimi pia ni mtu mzima, angalau kwa miaka. Nataka kuuliza swali ambalo naona linatuhusu sana sisi tunaojaribu kuandika: mtoto aliyependwa kwa utoto wake anakuaje? Nitahakiki nyimbo. Maisha ya mtu na nyumba yake sitayagusa, hayo tuwaachie magazeti ya udaku.

Kwanza tuone ugumu wenyewe uko wapi. Shabiki wa msanii mtoto hapendi sauti peke yake. Anapenda ule mshangao wa kusema, "Hebu msikilize huyu dogo!" Sasa mshangao huo unakwisha siku dogo anapoota ndevu. Sauti inavunjika, mabega yanapanuka, na yule aliyekuwa akimtunza kwa kumwonea huruma anaanza kumpima kama anavyopima wanaume wengine. Ni kama biashara ya embe. Embe ikiwa changa ina wateja wake wa chumvi na pilipili. Ikiiva inatafuta wateja wengine kabisa, na hapo katikati, ikiwa si changa na wala haijaiva, nani anaitaka?

Jambo hili si la kwetu peke yetu. Wazee wetu wengi wanapenda muziki wa kantri wa Marekani, wale akina Jim Reeves na Dolly Parton. Basi huko kwenye kantri kulikuwa na binti mmoja, Tanya Tucker. Mwaka 1972, akiwa na miaka 13, alivuma na wimbo "Delta Dawn", ambao unahusu mwanamke wa miaka 41. Yaani mtoto alipewa huzuni ya mtu mzima aibebe, na watu wakashangilia. Akaendelea kuimba, akapanda, akashuka, kisha mwaka 2019 akatoa albamu "While I'm Livin'", na mwaka 2020, akiwa na miaka 61, ndipo akapata tuzo zake za kwanza za Grammy. Hesabu mwenyewe hiyo miaka. Mtoto alitambuliwa na umma mara moja, lakini mwanamke mzima alisubiri karibu miaka 50 kupewa tuzo hiyo.

Turudi Temeke. Dogo Aslay alilelewa kimuziki katika kituo cha Mkubwa na Wanawe, chini ya Said Fella. Tofauti yake na yule binti wa Marekani ni kwamba yeye alianza na wimbo wa rika lake. Hebu tulitazame jina lenyewe. "Naenda kusema." Nani katika mitaa yetu husema maneno hayo? Ni mtoto aliyeonewa, au mtoto aliyeona jambo. Wakubwa hawasemi hivyo. Mtu mzima akidhulumiwa huenda baraza la kata, au hunyamaza, au hupigana. Mtoto ndiye anayenyanyua kidole na kutangaza kwamba anakwenda kusema. Na katika tangazo hilo kuna imani kubwa sana. Mtoto anaamini kwamba yuko mtu mahali fulani, mkubwa, mwenye haki, ambaye akiambiwa atasikiliza na mambo yatanyooka.

Shuleni tulifundishwa kuhakiki fani na maudhui. Mimi nasema fani ya wimbo ule ilikuwa sauti yenyewe, ile sauti nyembamba inayolalamika bila aibu, na maudhui yake makubwa yalikuwa imani hiyo. Ndiyo maana ulitushika.

Sasa angalia alichofanya baadaye, maana hapa ndipo kuna somo. Hakuruka moja kwa moja kutoka utoto kwenda utu uzima. Alipitia kwenye kundi. Yamoto Band ilikuwa na vijana wanne: yeye Aslay, Beka, Enock Bella na Maromboso. Walitamba na vibao kama "Nitakupwelepweta" na "Cheza kwa Madoido". Neno "Dogo" likadondoka polepole, hakuna aliyelifanyia matanga.

Wengine walisema wakati ule kwamba Aslay amepotea ndani ya kundi. Mimi leo naona kinyume. Kuku anaponyonyoka manyoya hukaa kando, hajitokezi kuwika katikati ya uwanja. Kundi lilimpa mahali pa kukaa wakati sauti inageuka. Akiimba vibaya mstari mmoja, mwenzake anapokea wa pili. Akionekana ni mkubwa mno kwa deko za kitoto, hakuna anayemtazama yeye peke yake. Sisi waandishi chipukizi tunakosa mahali kama hapo. Tunataka riwaya ya kwanza iwe na jina letu kubwa kwenye jalada, kabla hata sauti haijatulia.

Kundi lilivunjika, kila mmoja akaenda njia yake. Mwaka 2017 Aslay alitoka peke yake na "Angekuona".

Ndugu msomaji, naomba unisikilize vizuri hapa. Tuweke majina mawili ubaoni kama mwalimu wa Kiswahili: "Naenda Kusema" na "Angekuona". La kwanza lina "-na-", jambo linatendeka sasa, njiani, miguu inatembea. La pili lina "-nge-", hali ya masharti, jambo ambalo halipo. La kwanza msemaji ni mimi, nafsi ya kwanza. La pili kuna mtu mwingine, nafsi ya tatu, ambaye angeona lakini haoni. La kwanza linaamini kwamba msikilizaji yupo na atafikiwa. La pili linajua kwamba kuna watu ambao ungetaka waone maisha yako na hawataona.

Huko ndiko kukua. Sauti ni ileile ya malalamiko, na tena nasema ni vizuri hakuitupa. Lakini ile imani ya mtoto imeondoka, na mahali pake pameingia "-nge-". Sijui kama Aslay mwenyewe alikaa akapanga hivyo. Msanii hahitaji kupanga. Mhakiki anatazama kilichopo mezani, na kilichopo mezani ni hicho.

Linganisha na wenzake. Maromboso alibadili jina, akawa Mbosso, na mwaka 2018 akaingia WCB, lebo ya Diamond Platnumz, ambaye sisi wa Kigoma tunamhesabu ni wetu. Hiyo ni njia ya kuhamia nyumba kubwa, ukapewa jina jipya na nguo mpya. Si njia mbaya, imempeleka mbali. Mwingine ni Dogo Janja wa Arusha, aliyevuma akiwa mdogo vilevile, chini ya Tip Top Connection. Yeye neno "Dogo" hakuliacha, ila alikuja kutoa wimbo akauita "Ngarenaro", jina la mtaa wake. Hiyo ni njia ya kurudi nyumbani na kusimama hapo kama mwanamume. Nasi huku tunaijua njia hiyo, maana mwaka 2012 wasanii wenye asili ya Kigoma walikusanyika wakaimba "Leka Dutigite", maneno ya Kiha, kama kusema acha tujidai. Mimi nakumbuka jinsi mtaa ulivyovimba kifua.

Aslay alichukua njia nyingine. Alibaki na sauti yake na kubadilisha anayeambiwa. Mwanzo aliyeambiwa ni mkubwa mwenye kuamua kesi. Sasa anayeambiwa ni mpenzi, ambaye halazimiki kusikiliza na anaweza kuondoka. Na aliporudia pamoja na Nandy ule wimbo wa taarabu wa zamani, "Subalkheri Mpenzi", nilijua safari imefika. Taarabu haibebi mtoto. Inataka mtu anayejua kusubiri, anayejua kwamba neno la mapenzi lina adabu yake. Kijana wa memori kadi aliingia kwenye nyumba ya wazee, akavua viatu mlangoni, akasalimia. Wazee wakaitikia.

Lakini uhakiki si kusifu tu, la sivyo tutakuwa wapambe. Kosa la Aslay naliona katika wingi. Baada ya "Angekuona" alitoa vibao mfululizo, "Muhudumu", "Pusha", "Natamba" na vingine, kibao juu ya kibao. Mashabiki tulifurahi, kweli, tulikuwa tunaamka na wimbo mpya. Lakini ukizisikiliza nyingi kwa mkao mmoja, unaona yule mwanamume mwenye kulalamika anaanza kujirudia. Anaachwa hapa, anabembeleza pale, analia kule. Naona humo mabaki ya ule woga wa msanii aliyekuwa mtoto: anaogopa kunyamaza, maana anadhani akinyamaza watu watamsahau. Mtoto akikaa kimya sebuleni, wageni wanaendelea na mazungumzo yao. Mtu mzima anatakiwa ajifunze kwamba kimya chake nacho kina uzito.

Nina sababu yangu ya kusema haya, na afadhali niiweke wazi nisije nikaonekana namhukumu mtu kutoka mbali.

Nilipomaliza darasa la saba, siku ya mahafali, nilighani shairi mbele ya wageni. Lilikuwa shairi la ziwa. Sikumbuki vina vyake vyote, ila nakumbuka noti zilizowekwa mfukoni mwa shati langu, na mgeni mmoja aliyesema, "Huyu ni malenga mdogo." Jina likanata. Mtaa mzima uliniita Malenga Mdogo mpaka nilipomaliza kidato cha nne. Kwenye harusi naitwa, kwenye kumtoa mwali naitwa. Shairi ni lilelile.

Sasa hivi nina miaka ishirini na kitu, nina kaunta buku mbili zilizojaa riwaya. Inahusu baharia wa Kibirizi aliyemwacha mkewe Uvira. Mwaka jana nilimsomea mzee mmoja jirani yetu sura ya kwanza, barazani kwake, jua linazama upande wa Kongo. Akasikiliza mpaka mwisho, mikono magotini. Nikamaliza. Akasema, "Vizuri, mwanangu. Na lile la ziwa, bado unalikumbuka?"

Nilikasirika, sikuonyesha. Nikamjibu, "Nalikumbuka, babu." Nikamsomea ubeti mmoja, akatabasamu. Usiku ule nikiwa kitandani nikaweka nyimbo za Aslay kwenye simu, zile za mwanzo na zile za baadaye, nikizifuatisha kama mtu anayepanga picha. Nilipofika "Angekuona" nikaelewa kwa nini yule mzee hakunikosea. Yeye alimpenda mtoto wa shairi, na mtoto huyo hayupo. Mimi ndiye niliyekuwa namwendea barazani kwa imani ileile ya mtoto, kwamba nikisema, mkubwa atasikia na mambo yatanyooka. Nilikuwa bado naimba "Naenda Kusema".

Nikaamka asubuhi nikaifungua kaunta buku. Mke wa baharia, kule Uvira, katika sura ile ya kwanza alikuwa analalamika kwa kila mtu: kwa shemeji, kwa mjumbe, kwa mchungaji, na kila mmoja anamsikiliza na kumpa nasaha. Nikafuta wale wote. Nikamwacha peke yake ufukweni, akiongea na mtu ambaye angeona, lakini haoni. Sura imekuwa fupi kwa kurasa sita. Nadhani imekuwa nzuri.

Basi, wenzangu mnaoandika, kama mliwahi kusifiwa mkiwa wadogo, iwe ni insha ya shule, shairi la mahafali au kaswida ya madrasa, msikilizeni huyu bwana. Sauti mliyosifiwa nayo msiitupe. Jiulizeni tu ni nani mnayemwambia, na kama bado mnadhani analazimika kusikia.

Aslay naye, kama ukurasa huu utamfikia huko aliko, nina ombi moja la shabiki wa zamani wa Ujiji. Achukue muda. Sisi tuliokuwa darasa la nne hatuna haraka tena.