Ernst Lubitsch na Opereta katika Sinema

Opereta ni mchezo wa jukwaani ambamo watu husema, huimba na kucheza dansi, na mara nyingi habari yake ni ya mapenzi na ya kuchekesha. Anayetaka kuigeuza kuwa filme hukutana na ulizo gumu: nyimbo zikiondolewa, kutabaki nini? Ernst Lubitsch, aliyezaliwa Berlin mwaka 1892, alilijibu mapema, sinema ikiwa bado bubu.

Mwaka 1919 alitengeneza «Die Puppe», akiifuata opereta ya Mfaransa Edmond Audran iliyochezwa Paris mwaka 1896. Kijana Lancelot anaogopa wanawake, anakimbilia monasteri. Watawa wanasikia kwamba mjomba wake atampa fedha nyingi siku atakapooa, nao wanamshauri aoe mwanasesere, fedha ziingie monasterini. Lakini mwanasesere amevunjika, na binti wa fundi amesimama mahali pake kwa siri! Watawa hao wanapenda meza kuliko kanisa. Je, tukasirike? Hatuoni sababu. Mtakatifu Bernardo mwenyewe aliwacheka watawa wa Cluny kwa ajili ya wingi wa samaki na mayai mezani pao. Jambo zito liko kwingine: kiapo cha ndoa kinatolewa mbele ya watu kwa kitu kinachodhaniwa kuwa mbao na nguo, na filme inapita upesi kana kwamba si kitu.

Mwaka 1922 Lubitsch alikwenda Marekani. Sauti ilipoingia katika sinema alitengeneza «The Love Parade» (1929), kisha «The Smiling Lieutenant» (1931), iliyotoka katika opereta ya Oscar Straus. Hizi tunazipita.

Mwaka 1934 ikatoka «The Merry Widow», kwa muziki wa Franz Lehár uliosikiwa kwanza Vienna mwaka 1905. Ilipigwa pia kwa Kifaransa, waimbaji wakiwa ni wale wale, Maurice Chevalier na Jeanette MacDonald. Mfalme anamuaga malkia, anatoka chumbani. Danilo anaingia, kamera inabaki nje ya mlango. Mfalme anakumbuka upanga wake, anarudi kuuchukua, anatoka tena kwa furaha. Anapotaka kujifunga mkaba, haulizunguki tumbo lake: ni wa mtu mwembamba.

Wengine husema huku ndiko kuheshimu macho ya watu. Hatukubali. Mkasi wa mkaguzi hukata picha iliyoonyeshwa; picha hii anaitengeneza mtazamaji mwenyewe moyoni, naye anacheka. Papa Pius XI, katika waraka wake juu ya sinema wa mwaka 1936, alionya kuhusu nguvu ya picha. Hapa nguvu ni ya picha isiyokuwako. Hata hivyo ufundi wake hatuwezi kuukana. Mjane anapoacha matanga, nguo zake nyeusi zinageuka nyeupe, viatu vile vile, hata mbwa wake! Hakuna wimbo ungeweza kusema upesi hivyo.

Lubitsch alikufa tarehe 30 Novemba 1947, akitengeneza tena filme ya opereta, «That Lady in Ermine». Otto Preminger aliimaliza. Kwa seminari tungechagua «Die Puppe», mwalimu wa teolojia ya ndoa akiwa amekaa mstari wa mbele.