Sauti Iliyotangulia Umri

Wimbo hauombi ruhusa mpakani. Msomaji wa Busia au wa Malaba analijua jambo hili kabla ya kufundishwa na mtu. Malori ya kwenda Kampala na Kigali husimama katika mistari mirefu yakingoja kukaguliwa. Dereva hushuka na makaratasi yake mkononi, mzigo hutazamwa na ushuru hulipwa. Lakini sauti itokayo katika redio ya lori lake huvuka pasipo hati. Akogo ya Wateso hupigwa Malaba na hupigwa Tororo, wala hakuna aulizaye ni ya serikali gani. Katika sauti hizi zivukazo, mna aina moja ambayo mgeni hushangaa kuikuta kwetu imekaa kama mwenyeji. Nazo ni nyimbo za kantri, nyimbo za watu wa mashamba wa kusini mwa Marekani. Jim Reeves alikufa katika ajali ya ndege mwaka 1964, Don Williams alikufa mwaka 2017, na Kenny Rogers mwaka 2020. Hata hivyo, ingia katika gari la abiria siku ya Jumapili ukaone kama wamekufa.

Usidhani mapenzi haya yalianza jana. Mwaka 1950 Hugh Tracey, aliyezunguka Afrika akikusanya nyimbo, aliwarekodi wasichana wa Kikipsigis huko Kapkatet wakimwimba mtu waliyemwita Chemirocha. Jina hilo ni la Jimmie Rodgers, mwimbaji wa kantri aliyekuwa amekufa tangu mwaka 1933, lakini sauti yake ilikuwa imefika kwao katika santuri. Wasichana wale hawakumjua kwa sura, basi wakambuni upya: wakamfanya nusu mtu na nusu swala. Naona ni mojawapo ya hukumu nzuri kabisa zilizopata kutolewa juu ya mwimbaji. Sauti isiyo na mwili huwa ya ajabu, na msikilizaji hulazimika kuifanyia mwili.

Nami nataka tumtazame mwimbaji wa kantri ambaye watu walimfanyia mwili usiokuwa wake, akakaa miaka mingi akitafuta ulio wake. Jina lake ni Tanya Tucker. Nimemchagua kwa sababu aliianza kazi yake akiwa na umri wa mwanafunzi, na hata leo, akiwa bibi mwenye nywele zilizogeuzwa rangi kwa ukaidi, angali akiimba.

Alizaliwa tarehe 10 Oktoba 1958 katika mji wa Seminole, Texas, baba yake akiwa fundi wa kazi za ujenzi aliyehama na jamaa yake mji hata mji kufuata kazi. Baba huyo alisadiki kwamba binti yake ana kipaji, akamtafutia mlango. Mlango ukafunguka Nashville, mji wa Tennessee uliokuwa makao makuu ya muziki huo, mbele ya Billy Sherrill, msimamizi wa rekodi wa kampuni ya Columbia. Sherrill alimpa mtoto wimbo wa furaha, wimbo uliofaa umri wake kwa kila kipimo. Mtoto akaukataa. Akachagua Delta Dawn, akaurekodi mwaka 1972 akiwa na miaka 13, nao ukapanda hata nafasi ya 6 katika orodha ya nyimbo za kantri za Marekani.

Wimbo huo wahusu nini? Wahusu mwanamke wa miaka 41 ambaye zamani aliahidiwa ndoa na mtu akaachwa, na sasa hutembea mjini na sanduku lake mkononi akimngoja asiyekuja. Watu wa mji humwona kuwa amerukwa na akili. Huzuni ya namna hii haimo katika maisha ya mtoto wa miaka 13. Na sauti ya Tanya haikuwa nyembamba kama ya watoto wengine. Ilikuwa nzito, yenye mkwaruzo, kama sauti ya mtu aliyekwisha kulia na kunyamaza. Wasikilizaji waliomsikia redioni wakadhani ni mwanamke mzima. Walipoiona picha yake walistaajabu, na kustaajabu huko kukawa sehemu ya biashara. (Mmoja wa watungaji wawili wa wimbo huo, Larry Collins, mwenyewe alikuwa mtoto wa jukwaani katika miaka ya 1950, akipiga gitaa na kuimba pamoja na dada yake Lorrie. Yamkini alijua anamwandikia nani, hata kama hakumkusudia.)

Hapa ndipo wahakiki wengi hukosea njia. Husema kwamba mtoto kuimba mambo ya wakubwa ni kosa, basi; kisha huzitia nyimbo zake zote katika kikapu kimoja. Mimi sikubali. Tazama vema ni nani asemaye ndani ya Delta Dawn. Mwanamke mwenyewe hasemi. Asemaye ni mtu wa mji huo, amtazamaye akipita. Na ni nani katika mji hutazama zaidi kuliko watoto? Kila mtaa wa Busia una mtu mmoja ambaye watoto humjua kwa mwendo wake na mzigo wake, nao huijua habari yake kabla hawajaielewa. Mtoto akiisimulia habari hiyo hasemi uongo. Kadhalika Blood Red and Goin' Down, wimbo wake wa mwaka 1973, ni wa kutisha, kwa kuwa ndani yake baba anamtafuta mke aliyemkimbia, na mwisho wake ni mauaji. Lakini anayesimulia ni mtoto aliyechukuliwa katika safari ile, akaona asiyopaswa kuona. Sauti ya mtoto haikuazimwa hapo. Hapo ndipo mahali pake, na hofu ya wimbo yatoka katika kweli hiyo.

Mambo yaligeuka mwaka 1974. Alipokuwa na miaka 15 aliimba Would You Lay with Me, wimbo ambao mtungaji wake, David Allan Coe, aliutunga kwa ajili ya arusi ya ndugu yake. Maneno yake ni ya heshima yakiwa kinywani mwa bwana arusi: humwuliza mpenzi kama atavumilia naye katika ugumu na katika haja. Lakini katika wimbo huu hakuna mtazamaji tena. Asemaye ni "mimi", na "mimi" huyo ni mtu mzima amwombaye mtu mzima mwenzake. Vituo vingine vya redio vilikataa kuupiga, na vingine vikaupiga hata ukafika nafasi ya kwanza. Wazee wetu wamezoea kumsikiliza mtoto awapo shahidi. Aeleze ng'ombe walipita wapi, au nani alimpiga nani. Hawamwiti kusimama mahali pa mwenye kufunga ndoa. Tofauti hiyo ndogo, kati ya kushuhudia na kuahidi, ndiyo mpaka ambao kampuni iliuvuka, na wanunuzi wa santuri wakavuka nayo wakipiga makofi.

Nawe msomaji, usiwaachie Wamarekani peke yao lawama. Mwaka 2019 ng'ambo ya mpaka wetu, huko Kampala, palikuwa na mvulana wa miaka 7 aliyejulikana kwa jina la Fresh Kid, ambaye umati ulimshangilia. Waziri wa vijana na watoto, Florence Nakiwala Kiyingi, aliposema kwamba mahali pa mtoto huyo ni shuleni, watu wengi walimkasirikia waziri. Sisi pia, katika mashindano ya muziki ya shule za Kenya, yaliyoanza mwaka 1927, humpigia makofi zaidi mtoto aigizaye mlevi au mjane kuliko mtoto awaye mtoto. Sisemi mashindano hayo ni mabaya. Yamewalea waimbaji na walimu wengi. Nasema tu kwamba makofi ni malipo, na mtoto hujifunza haraka ni kitu gani kinacholipwa.

Sasa tuje kwenye utu uzima wake, ambao ndio sehemu ngumu. Mtu aliyesifiwa kwa kuwa mkubwa akiwa mdogo, hufanyaje akiwa mkubwa kweli? Ajabu imekwisha. Mwanamke wa miaka 20 mwenye sauti ya mwanamke si habari tena. Mwaka 1978 Tanya alitoa TNT, akaiacha njia ya Nashville kidogo na kuifuata roki, na katika picha zake akajionyesha kwa mavazi yaliyowaudhi wapenzi wake wa zamani. Santuri hiyo haikukosa wanunuzi, tena ina nguvu mahali fulani. Lakini ukiisikiliza leo wasikia mtu anayebishana na picha yake mwenyewe. Aligeuza nguo, aligeuza magitaa, ila swali lilibaki lile lile: ni nani asemaye? Tangu hapo magazeti yakaandika habari za mapenzi yake kuliko za nyimbo zake. Pombe na madawa ya kulevya vikamshika, na mwaka 1988 aliingia kutibiwa. Habari hizo amezieleza mwenyewe katika kitabu cha maisha yake cha mwaka 1997, nami sioni haja ya kuzirefusha.

Haingekuwa haki kusema kwamba miaka hiyo ilikuwa kiza kitupu. Kuanzia mwaka 1986 alirudi na nyimbo zilizopendwa, na mwaka 1991 chama cha muziki wa kantri cha Marekani kilimchagua kuwa mwimbaji bora wa kike wa mwaka. Nyimbo za wakati huo ni safi, zimeshonwa vizuri, zinaimbika. Kwangu mimi ni kazi ya fundi hodari anayejua kipimo cha mteja. Nazisikiliza kwa furaha, na zikiisha zimekwisha. Kisha baba yake akafariki mwaka 2006, na mama yake mwaka 2012, na mwimbaji akanyamaza kwa kiasi cha kuwafanya wengi wadhani kazi yake imefungwa.

Waliomtoa katika ukimya huo walikuwa watu wadogo wake: Brandi Carlile, mwimbaji aliyezaliwa mwaka 1981, na Shooter Jennings, mwana wa Waylon Jennings. Waliisimamia santuri yake While I'm Livin', iliyotoka mwezi wa Agosti 2019. Wangeweza kumpamba. Vyombo vya siku hizi vyaweza kuinyosha sauti iliyopinda kama pasi inyooshavyo shati. Wao waliiacha ilivyo: imechakaa, imepasuka ukingoni, pumzi yake husikika ikitafutwa kabla ya neno. Na wimbo wa mwisho, Bring My Flowers Now, ambao Tanya aliutunga pamoja na Carlile na ndugu wawili, Phil na Tim Hanseroth, hauna kitu ila kinanda na sauti hiyo. Maana yake haihitaji mfasiri kwa watu wa Busia. Anaomba maua yake aletewe angali hai, yasingoje jeneza. Nani kati yetu hajasimama katika matanga akasikia marehemu akisifiwa na watu ambao hawakumpa hata maji alipokuwa mgonjwa?

Ndani ya wimbo huo asemaye ni "mimi" tena, kama mwaka 1974. Lakini safari hii "mimi" ni yeye. Miaka anayoitaja ameiishi, na majuto ni yake. Hakuna mtu mzima aliyemwazima. Hapo naona ndipo alipojibadilisha kweli, na si mwaka 1978, ingawa mwaka 1978 ndio uliopigiwa kelele. Mwezi wa Januari 2020 alipewa tuzo mbili za Grammy, moja kwa santuri na moja kwa wimbo huo, naye hakuwa amepata Grammy hata moja tangu alipoanza kuimba. Mwaka 2023 akaingizwa katika jumba la heshima la muziki wa kantri.

Mtu aweza kunipinga hapa, akasema kwamba tuzo hizo nazo ni ajabu ya aina ile ile: zamani watu walistaajabia mtoto mwenye sauti ya mzee, sasa wanastaajabia mzee aliyeponea chupuchupu, na biashara ni ile ile. Pingamizi hilo lina uzito, na sitalifukuza. Jumba la heshima halikujengwa kwa huruma tupu. Jibu langu limo katika sikio tu, nalo ni jibu ambalo wewe waweza kulipima mwenyewe, kwa kuwa nyimbo zote mbili hupatikana kwa simu. Anza na Delta Dawn ya mwaka 1972. Kisha itafute jinsi aiimbavyo jukwaani katika miaka ya karibuni, maana hajauacha wimbo huo. Mwanamke mwenye sanduku amebaki na miaka 41 wakati wote. Mtoto aliyemtazama kutoka ukingo wa njia aliifikia miaka hiyo mwaka 1999, akaipita, na sasa amtazamapo humwona kuwa ni msichana.