Kurremkarmerruk, Mwalimu wa Majina

Chuo cha uganga katika kisiwa cha Roke kina walimu wakuu tisa. Yupo anayefundisha kuziamuru pepo, yupo wa mitishamba, wa kiinimacho, wa kugeuza maumbo. Hao ndio ambao vijana huvuka bahari kuja kuwasikiliza. Mwalimu wa Majina haishi hata chuoni. Makao yake ni Mnara wa Upweke, kwenye rasi ya mwisho kaskazini mwa kisiwa, pasipo shamba wala nyumba ya jirani. Hukaa humo juu ya kiti kirefu, anaandika orodha.

Mwandishi wa Kimarekani Ursula K. Le Guin ndiye aliyemtunga, katika riwaya yake A Wizard of Earthsea ya mwaka 1968. Mwalimu huyo anaitwa Kurremkarmerruk. Kurasa alizopewa humo ni chache mno, nazo zimo katika sura ya tatu. Hata hivyo, sijakutana na mtunza maarifa wa kubuniwa aliyeandikwa kwa heshima kumzidi.

Kila kitu katika ulimwengu ule kina jina lake la kweli katika Lugha ya Kale, ambayo majoka wangali wanaizungumza. Mganga hawezi kukiamuru kitu asichokijua jina. Kwa hiyo mzee huyu huandika: majina ya kila rasi, kila ghuba na kila kihori cha kisiwa kimoja kidogo, ukurasa mzima. Wanafunzi hawana budi kuyahifadhi kabla ya usiku wa manane, kwani saa hiyo wino hufifia na ngozi ikabaki tupu. Aliyepitia chuo cha Kurani akasomea ubao, akijua kwamba maandishi ya leo yataoshwa ili yapishe ya kesho, ataielewa hofu ile upesi, na faida yake pia: kilichofutika sharti kiwe kimekwisha kuhamia kifuani.

Mnarani hakuna pambano, hakuna moto, hakuna muujiza. Ged, shujaa wa riwaya, kijana mwenye kiburi na haraka ya makuu, anakaa humo mwaka mzima akikariri. Mwandishi mwingine angeuruka mwaka huo kwa sentensi moja. Le Guin anasimama, anampa mzee nafasi ya kuzungumza mara moja, na katika mazungumzo hayo mafupi anaweka msingi wa vitabu vyote vilivyofuata.

Hoja ya mzee ni hii. Bahari ina jina lake. Lakini ile bahari ya ndani, katikati ya visiwa, nayo ina jina lake mwenyewe, na kitu hakiwezi kuwa na majina mawili ya kweli. Basi lile jina kubwa haliigusi. Na kila mlango wa bahari, kila ghuba, vivyo hivyo. Anayetaka kutuliza tufani juu ya bahari yote itambidi ataje kila kipande chake, mpaka huko majina yanakokoma. Hakuna mwanadamu anayeweza. Elimu inayompa mganga nguvu ndiyo hiyo hiyo inayomwekea mpaka: atatawala kile tu kilicho karibu naye, anachoweza kukitaja kwa usahihi na kwa ukamilifu. Na mzee anasema ni heri iwe hivyo, kwa sababu bila mpaka huo uovu wa wenye nguvu, au upumbavu wa wenye hekima, ungekwisha kuvuruga mizani ya dunia.

Mwalimu anayetamka hayo ametumia umri wake kuandika orodha anayojua haitakwisha. Kesho yake anaendelea.

Matunda ya kazi hiyo yanaonekana kimya kimya. Ged anapotoka mnarani na kurudi chuoni kwa miguu, anakutana na otak, kinyama kidogo cha porini kisichofugwa na watu. Anakiita kwa jina lake la kweli, nacho kinapanda begani. Baadaye kinyama hicho ndicho kitakachomlamba na kumrudisha kutoka ukingoni mwa mauti. Halafu kuna joka la kisiwa cha Pendor. Ged analikabili akiwa na kisio moja tu, jina alilolikisia kutokana na historia za kale alizosoma Roke. Anatamka: Yevaud. Joka linanywea, linaapishwa lisivamie tena funguvisiwa. Hapo kazi ya maktaba ndiyo iliyopigana.

Sishangai kwamba heshima hii ilitoka kwake. Le Guin alizaliwa Berkeley, California, mwaka 1929. Baba yake, Alfred Kroeber, alikuwa mwanaanthropolojia aliyenukuu kwa miaka mingi lugha na masimulizi ya wenyeji wa California, baadhi ya lugha zikiwa zimebakiwa na wazungumzaji wachache. Simfanyi Kurremkarmerruk kuwa Kroeber. Riwaya haisemi hivyo. Ila binti aliyekulia katika nyumba kama ile alijua kwamba orodha ya maneno inaweza kuwa kazi ya maisha ya mtu mzima.

Ukikipata kitabu hiki, usiipite mbio sura ya tatu kwa hamu ya kufika kwenye joka. Soma maneno ya mzee juu ya bahari polepole, mara mbili, ndipo uende Pendor.