Mlicheza Nini? Na Nani Hakucheza?

Likizo ya Agosti ikifika tu, makala za utotoni huanza kumiminika. Nimezisoma nyingi, na nyingi ni orodha: bano, kati, brikicho, blada, kalongolongo, mpira wa juala uliofungwa kwa kamba. Mwishoni mwandishi anawasuta watoto wa siku hizi ati hawajui raha. Haya, tumesikia. Lakini mchezo wenyewe uko wapi?

Jina la mchezo si mchezo. Hebu chukua kati. Wawili wanasimama huku na huku wakirusha mpira, wengine wako katikati wanakwepa. Hizo ni sheria tu. Hadithi inaanza pale mmoja anaposema mpira umekugusa, nawe unaapa haujagusa hata nguo. Nani ataamua? Mara nyingi ni mwenye mpira, maana akinuna akaenda nao kwao, mchezo umekwisha. Hapo mtoto anaonja mamlaka kabla hajajua siasa ni nini.

Ndiyo maana huwa nakirudia kitabu cha Binyavanga Wainaina, One Day I Will Write About This Place, kilichotoka 2011. Kinaanza na mpira, mwandishi akiwa na miaka 7, pamoja na Jimmy na Ciru. Angeweza kutumwagia raha tupu. Badala yake anatuonyesha mtoto ambaye ndugu zake wamezama mchezoni, naye mawazo yamemchukua. Wakisema wana kiu, anawafuata huku akijiuliza hiyo kiu ni kitu gani hasa. Uwanja ni mmoja, lakini yeye yuko mbali. Raha ipo, upweke upo, na kimoja hakifuti kingine.

Hicho ndicho ninachokikosa kwenye orodha zetu. Simwoni msichana anayeitwa kuchota maji mchezo ukinoga, huku kaka yake akiendelea kucheza. Simwoni yule anayechaguliwa mwisho kila siku, halafu anatupwa golini. Si hao pia walikuwa na utoto? Ukiwaacha nje, zamani inakuwa tamu, sawa, lakini ni tamu ya waliochaguliwa kwanza.

Kwa hivyo, mwandishi mwenzangu, ukishatuambia mlicheza nini, tuambie pia nani alibaki pembeni akitazama.