Balderstone: jezi mbili ndani ya siku moja

Jioni ya tarehe 15 Septemba 1975, mchezo wa kriketi ulisimamishwa Chesterfield hadi kesho yake, huku Chris Balderstone wa Leicestershire akiwa na mikimbio 51 na hajatolewa. Akapanda gari hadi Doncaster, mwendo wa kilomita hamsini hivi, na saa moja unusu usiku akaingia kama kiungo wa Doncaster Rovers dhidi ya Brentford. Mechi ikaisha kwa sare ya 1-1. Asubuhi akarudi Chesterfield, akafikisha mikimbio 116, kisha akachukua wiketi tatu, na Leicestershire ikatwaa ubingwa wa kaunti kwa mara ya kwanza. Wasimuliaji husifu mapafu yake. Mimi nasema tuanze na ratiba. Kriketi ya Uingereza ilichezwa kuanzia mwishoni mwa Aprili hadi Septemba, soka kuanzia Agosti hadi Mei. Misimu hiyo iligongana nchani tu. Kwa miezi mingi Balderstone alikuwa na ajira mbili za kupokezana, na zilipogongana, taa za uwanja wa soka, zilizoruhusu mechi za usiku, zilimpa muda kidogo wa kupumua. Pesa nazo zilisukuma: hadi 1961, alipokuwa kijana wa Huddersfield Town, mshahara wa mwanasoka haukuruhusiwa kuzidi pauni 20 kwa wiki, kwa hiyo kipato cha kiangazi hakikuwa cha kubeza.

Kuna atakayeuliza: kama ni ratiba tu, mbona hawakufanya hivyo wote? Kweli, kipaji kilihitajika, ila cha aina fulani. Balderstone hakuwa mtu wa mbio. Kwenye soka alikuwa kiungo wa pasi na mikwaju ya penalti, na ni penalti yake dhidi ya Tottenham, Agosti 1974, iliyoipandisha Carlisle, klabu yake wakati huo, kileleni mwa daraja la kwanza, kwa siku chache tu lakini kileleni hasa. Kwenye kriketi alipiga kwa subira na kurusha mipira ya polepole ya kuzungusha kwa mkono wa kushoto. Pande zote mbili mtaji wake ulikuwa utulivu, na utulivu hauchoki haraka kama misuli. Ian Botham, mrushaji wa kasi wa kriketi, naye aliichezea klabu ya soka ya Scunthorpe, lakini mechi zake zilikuwa chache mno kuvunja hoja hii.

Gharama zilikuwepo. Denis Compton, aliyecheza soka Arsenal na kriketi Middlesex, na kukusanya mikimbio 3,816 kiangazi cha 1947, aliumia goti kwenye soka, na baadaye kifuniko chake kikatolewa kabisa. Balderstone hakuitwa timu ya taifa ya kriketi hadi 1976, akiwa na miaka 35; kwenye uwanja wa The Oval, Michael Holding, mrushaji wa kasi wa West Indies, alimtoa mara mbili bila mkimbio hata mmoja. Leo klabu za soka huingia kambini Julai, kriketi ikiwa imepamba moto, na hakuna kocha wa ligi kuu atakayemsubiri kiungo wake hadi ubingwa wa kaunti uamuliwe.