Mhubiri wa Jukwaani na Bwana Wake

Tukiisoma King Johan ya John Bale, sisi wana wa Matengenezo tunashangilia upesi mno. Bale alikuwa mtawa Mkarmeli aliyeipokea Injili, na mwaka 1538 Thomas Cromwell, waziri wa Mfalme Henry VIII, alimlipa yeye na wenzake waigize. Humo Uingereza ni mjane anayelia, mtawa anamnywesha mfalme sumu, kisha anaingia mhusika aitwaye Enzi ya Kifalme na kunyosha yote. Hapo tunakwama. Fitina, mwovu wa mchezo, ana uhai na mzaha. Enzi ya Kifalme haulizwi swali hata moja. Dhambi zote ni za Roma. Nathani alikula kwa nani hatusomi, ila alimwambia Daudi usoni.

Cromwell alikatwa kichwa mwaka 1540, Bale akakimbilia Ujerumani. Agosti 1553, akiwa askofu wa Ossory, Ireland, siku Malkia Mary, Mkatoliki, alipotangazwa huko, vijana waliigiza michezo yake penye msalaba wa sokoni Kilkenny: ahadi za Mungu, mahubiri ya Yohana Mbatizaji, majaribu ya Bwana. Safari hii hapakuwa na mkubwa wa kupendezwa. Muda si mrefu askofu alikuwa mkimbizi tena.